Historia ya Mpira Wetu Isipotee

Ndugu wanachama, na ninyi wazee wetu wa Kitengela na Kajiado,

Vyama vya kusaidiana kama hiki ndivyo vilivyolea mpira wa Kenya. Luo Union ilikuwa chama cha namna hiyo. Timu yake ilipoungana na Luo Stars mwaka 1968, ilizaliwa Gor Mahia. Mwaka 1987 Gor Mahia ilitwaa Kombe la Washindi la Afrika, baada ya sare ya 2–2 mjini Tunis na 1–1 Nairobi dhidi ya Espérance.

Mhariri wa filamu aweza kuunganisha vipande vya picha, bali hawezi kuunganisha visivyohifadhiwa, wala kutaja majina ya wachezaji asiowajua. Majina hayo yamo vifuani mwa wazee. Basi, mwenye picha au habari za timu za kwetu na azilete, zikaandikwe.