Shahidi Aitwe Tena: Safari ya Haki ya Mshtakiwa

Shahidi anapotoa ushahidi, hakimu hupokea mambo mawili: maneno, na namna yanavyotoka. Maneno huandikwa. Kusita, sauti inayofifia, jicho linalokwepa swali, hubaki kwa aliyekuwapo. Hakimu huyo akihamishwa, akistaafu au akifariki dunia kesi ikiwa nusu, mwenzake hurithi jalada. Je, amtie mtu hatiani kwa ushahidi ambao masikio yake hayakuusikia?

Jibu la kwanza lililoandikwa katika sheria zetu lilitoka India. Mwaka 1897 Waingereza waliamuru kanuni za India zitumike katika Himaya ya Afrika Mashariki, ambayo leo ni Kenya. Mwaka 1920 wakazipeleka Tanganyika. Miongoni mwake ilikuwamo Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya India, iliyoandikwa upya mwaka 1898. Katika utawala ambao mahakimu walihamishwa mara kwa mara, kuanza kila kesi upya kungewachosha mashahidi na kuwaongezea mahabusu siku za rumande. Kwa hiyo kifungu cha 350 kilimruhusu hakimu mpya kuendelea palipoishia. Lakini mshtakiwa naye alipewa kauli: angeweza kudai mashahidi, wote au baadhi yao, waitwe tena na kusikilizwa upya.

Mwaka 1930 Kenya na Tanganyika ziliweka kando kanuni za jinai za India na kutunga zao, ila wazo hili halikuachwa. Kwa Kenya limo katika kifungu cha 200, na kifungu kinachokitangulia, cha 199, kinamtaka hakimu aandike yale anayoona ya maana kuhusu hali ya shahidi anapohojiwa. Ukivisoma pamoja unaona walichohofia watunga sheria: jalada peke yake halimwonyeshi shahidi. Kifungu cha 200 kinakwenda mbele zaidi. Hakimu anayerithi kesi anawajibika kumweleza mshtakiwa kwamba anaweza kudai shahidi yeyote aitwe tena. Mwaka 1985 Mahakama ya Rufaa ya Kenya ilionya kwamba ruhusa ya kurithi kesi itumiwe kwa uchache sana, kwa sababu uhuru wa mtu ndio uliomo mizanini.

Nchi nyingine zilichukua njia tofauti. India yenyewe iliondoa dai la mshtakiwa mwaka 1955, na sheria yake ya 1973 ikamwachia hakimu mpya aamue kama haki inahitaji shahidi ahojiwe zaidi. Tanzania nayo, katika kifungu kilichojulikana kwa miaka mingi kama cha 214 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985, inamruhusu hakimu mrithi kuutumia ushahidi wa mtangulizi wake, au kuwaita mashahidi tena na kuanza upya akiona ni lazima. Hata hivyo Mahakama ya Rufani imeshikilia kwamba sababu ya hakimu wa kwanza kushindwa kumaliza lazima iandikwe. Bila hiyo, kesi zingeweza kuhamishwa kimyakimya, na mshtakiwa asijue kwa nini amebadilishiwa hakimu.

Naona neno la mshtakiwa lina uzito ambao busara ya hakimu haiwezi kuubeba peke yake. Kwa miaka mingi, katika mahakama nyingi za wilaya, shahidi alisema Kiswahili na hakimu akaandika Kiingereza kwa mkono. Mrithi alisoma tafsiri ya mwenzake. Mshtakiwa alikuwa ameyasikia maneno yenyewe. Ndiye ajuaye ni shahidi yupi aliyebabaika. Kweli, kumwita shahidi tena kuna gharama: huenda amehama, amesahau au amefariki, na mahakama inapaswa kulipima hilo. Lakini ili lipimwe, mshtakiwa lazima kwanza aulizwe, kwa lugha anayoielewa: yuko shahidi unayetaka nimsikie mwenyewe?