Kudharau Mahakama kwa Mpaka Usioandikwa

Katika vijiji vya Kishanda, wilayani Muleba, mgogoro wa kibanja hauishi siku hukumu inaposomwa. Dalali wa mahakama humkabidhi mshindi shamba. Msimu wa kahawa ukifika, aliyeshindwa huingia kuvuna. Mshindi naye huomba mwenzake atiwe hatiani kwa kudharau mahakama. Nashikilia kwamba ombi hilo lisiendelee kabla mahakama haijajiuliza kama amri yake ilitaja mpaka.

Sheria haina upole. Kifungu cha 114 cha Kanuni ya Adhabu kinamtaja waziwazi anayeitwaa tena ardhi ambayo mwingine amekabidhiwa karibuni kwa hati ya mahakama, na adhabu yake ni kifungo cha miezi 6 au faini isiyozidi shilingi 500. Faini hiyo hainunui hata mkungu wa ndizi, kwa hiyo tishio la kweli ni gereza. Ndiyo maana amri inayodaiwa kuvunjwa lazima iwe bayana, na ithibitike kwamba mlalamikiwa aliifahamu.

Amri ya XX kanuni ya 9 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inataka tuzo ya ardhi ieleze eneo kwa namna ya kulitambulisha. Lakini hukumu inayosema tu kwamba "eneo lenye mgogoro ni mali ya mdai" inamwachia dalali kazi ya hakimu. Kwa Wahaya wa Muleba mpaka ni mimea iitwayo milamula, iliyopandwa na mababu. Ikishang'olewa, au ikiota upya hatua chache pembeni, kila upande huwa na mpaka wake. Anayevuna hapo huenda ni mkaidi. Huenda pia anaamini kwa dhati kwamba yumo kwake.

Njia ya kujua ni hakimu kufika shambani. Katika shauri la Nizar Ladak (1980), Mahakama ya Rufani ilionya kwamba kutembelea eneo la mgogoro kufanyike katika mazingira ya kipekee tu, hakimu asije akageuka shahidi. Onyo hilo ni la busara. Hata hivyo, kibanja kisichopimwa, chenye mpaka wa mimea, ndiyo mazingira yenyewe ya kipekee. Haja ya kulitembelea eneo imeongezeka tangu 2021, mabaraza ya kata yalipoondolewa mamlaka ya kuamua na kubakiziwa usuluhishi wa siku 30. Wazee waijuao milamula sasa hawaandiki uamuzi.

Simtetei mkaidi. Mwaka 1990 Jaji Mwalusanya aliamua, katika shauri lililotoka Buhaya, kwamba mwanamke aweza kuuza ardhi ya ukoo aliyoirithi. Haki hiyo haina maana ikiwa jamaa wa ukoo watarudi shambani kesho yake. Kwa ajili ya mwanamke huyo, mahakama ikanyage shamba, ichore ramani, itaje majirani wa pande zote nne na kuviambatisha vyote kwenye tuzo. Atakayevuka baada ya hapo afungwe.