Hubert Sauper ni nani, na filamu yake ya sangara ilizua nini?

Huku kanda ya ziwa, kuanzia Mwanza mjini hadi Magu, wengi wanakumbuka mzozo wa mapanki mwaka 2006. Chanzo kilikuwa Darwin's Nightmare (2004), filamu ya Hubert Sauper, mzaliwa wa Austria. Alirekodi mwenyewe kwa kamera ndogo, na msaidizi mmoja, akikaa na wavuvi, marubani na mlinzi wa usiku hadi wakamzoea. Minofu ilipanda ndege kwenda Ulaya, mapanki yakabaki. Rais Kikwete aliikosoa hadharani, hasa madai ya silaha. Ni kweli, silaha zenyewe hazionekani. Yupo rubani anayesimulia kupeleka vifaru Angola. Ila mapanki yanaonekana, yakianikwa na kukaangwa. Baadaye Sauper alirekodi Sudan, akisafiri kwa kindege alichojitengenezea.