Jenerali mbele ya kamera, Nile Magharibi nyuma yake

Mtu wa Ludara akisema ugenini kwamba kwao ni Koboko, katika Nile Magharibi ya Uganda, hachelewi kuulizwa habari za Idi Amin, aliyekuwa rais wa nchi hiyo. Baba yake Amin alikuwa Mkakwa wa upande huo, basi eneo zima likabebeshwa jina la mwanawe. Na sura ambayo muulizaji anayo kichwani, ya jenerali mcheshi mwenye nishani kifuani, imechangiwa sana na filamu moja ya mwaka 1974, *General Idi Amin Dada*, iliyotengenezwa na Barbet Schroeder.

Schroeder ni Mswisi aliyezaliwa Tehran mwaka 1941. Mwaka 1962 alianzisha kampuni ya filamu Ufaransa, pamoja na Éric Rohmer. Alipokwenda Uganda na mpiga picha Néstor Almendros, alimwachia rais uwanja. Amin akapanga maonyesho yake: akapanda mashua mtoni akiwasemesha wanyama, akaongoza askari kufanya mazoezi ya kuteka milima ya Golan, akapiga akodiani ambayo ndiyo muziki wa filamu yenyewe. Schroeder akaiita filamu hiyo picha ambayo Amin alijichora mwenyewe.

Kwangu, uzito wa kazi hii uko kwenye kikao cha baraza la mawaziri. Amin anaonya, anakaripia, anacheka; mawaziri wazima wanaandika kama watoto wa shule. Kisha msimulizi anatueleza kwamba wiki mbili baadaye maiti ya waziri wa mambo ya nje iliokotwa mtoni Nile. Huyo ni Luteni Kanali Michael Ondoga, Mlugbara wa Nile Magharibi. Mwezi uleule wa Machi 1974 Brigedia Charles Arube, Mkakwa kama Amin, alijaribu kumpindua, naye akafa. Wanaosema Nile Magharibi ilikula na Amin sahani moja waitazame tena filamu hiyo wakimtafuta Ondoga.

Amin alidai vipande fulani vikatwe. Schroeder alipokataa, Wafaransa waliokuwa Uganda walikusanywa hotelini wakazungukwa na askari, wakapewa namba ya simu ya mtengenezaji huyo wambembeleze. Akakata. Utawala ulipoanguka mwaka 1979, akavirudisha. Baadaye aliongeza filamu juu ya wakili Jacques Vergès (2007) na ya mtawa Wirathu wa Myanmar (2017). Zote tatu akazihesabu kuwa utatu wa uovu. Nadhani ya Amin inazishinda, kwa sababu humo mtazamwa alikuwa na nguvu za kumwamuru mtazamaji.

Gharama ya jina la Amin ililipwa na wengine, watu wa Nile Magharibi. Oktoba 1980 waliokuwa wanajeshi wa Amin walivuka mpaka wakaiteka Koboko na Arua. Jeshi jipya la serikali lilipoirudisha miji hiyo, lililipiza kisasi kwa raia: likaua, likapora, likachoma nyumba. Watu wakakimbilia Sudan na Zaire kwa maelfu, wengi kwa miguu, na Juni 1981 raia waliojihifadhi kwenye misheni ya Ombaci, nje ya Arua, wakauawa humohumo.