Muziki Unaommeza Muasi

Hivi, muasi anaasi kweli ikiwa uasi wake umeshafumwa ndani ya wimbo? Swali hili lilinisumbua nilipoisoma Ainulindalë ya J.R.R. Tolkien, iliyotoka mwaka 1977, miaka minne baada ya kifo chake. Ilúvatar anawapa Ainur dhamira waiimbe. Melkor anaivuruga kwa sauti yake. Lakini dhamira ya tatu, yenye huzuni, inazichukua hata sauti zake za ushindi. Baridi yake kali inaishia kuzaa theluji, na joto lake mawingu.

Wenzangu watasema: huo si ndio ujanja wa mtawala, kwamba hata upinzani ni mali yake? Mimi nasita. Tolkien aliandika toleo la kwanza Oxford, kati ya 1918 na 1920, baada ya kupigana Somme mwaka 1916 na kupoteza marafiki vitani. Mtu wa namna hiyo hapambi maovu bure. Tena binadamu aliwaachia mlango wa kutenda nje ya Muziki. Tatizo ni kwamba mlango wenyewe nao unatokea ua uleule wa Ilúvatar. Kitendawili hicho mwandishi hakukitegua, na mimi namshukuru.