Mizimu Ilikuwa na Wenyewe

Kibanda cha video cha Arua kina kelele zake. Ikiwa filamu ni ya mapigano, watazamaji nao hupigana. Ikiwa ya mapenzi, vijana hupiga miluzi. Ila ya mizimu hushinda zote, kwa kuwa hapo kila mtu ni bingwa. Walipoonyesha ile ya Australia, *Talk to Me*, iliyoonyeshwa mara ya kwanza 2022, kazi ya mapacha Danny na Michael Philippou, VJ, mtafsiri wa kibandani, alitafsiri kwa Kiganda, wa nyuma wakakigeuza Kiganda kuwa Kilugbara, nami nikamnong'oneza mpwa wangu kwa Kiswahili. Vijana wako sebuleni, wakubwa hawapo. Wamepata mkono wa maiti uliokaushwa. Unawasha mshumaa, unaushika ule mkono, unaomba kusemeshwa, kisha unamkaribisha mgeni mwilini mwako. Sekunde 90, zisizidi. Wenzako wanakurekodi kwa simu na kucheka. Mama mmoja aliyekuwa na beseni lake la mihogo mapajani akauliza kwa sauti, "Mama yao yuko wapi?"

Watu walicheka. Mimi nafundisha historia Koboko, na kwangu lile lilikuwa swali la historia. Katika nchi hii ya West Nile, Uganda, kuzungumza na wasioonekana hakukuwa mchezo wa watoto walioachwa peke yao. Kulikuwa na wenyewe.

John Middleton, Mwingereza aliyekaa na Walugbara kati ya 1949 na 1952, alichapisha kitabu chake *Lugbara Religion* mwaka 1960. Ukikisoma kwa makini utaona kinazunguka ugomvi mmoja: nani ana haki ya kuwasemesha wafu. Chini ya ghala la nafaka palikuwa na vijumba vidogo vya mawe, makao ya mizimu ya mababu. Kijana akiwa mkaidi, akimpiga mkubwa wake au kumnyima kilicho haki yake, mzee alikaa karibu na vijumba hivyo akasononeka. Wafu walisikia, na kijana akaugua. Ndipo ukoo ulipokutana, mnyama akachinjwa, nyama ikagawanywa, na maneno yaliyofichwa mwaka mzima yakatolewa hadharani. Kijana ndiye aliyezungumziwa. Kuzungumza hakukuwa zamu yake. Wazee nao waliteta wao kwa wao, kila mmoja akidai ugonjwa ule ni yeye aliyeuita, maana aliyesikilizwa na wafu ndiye mkubwa wa boma. Siasa tupu, kama za halmashauri ya leo.

Ili kujua ni mzimu gani umekasirika, wanaume walikuwa na kijiti kinachoitwa acife. Mshikaji hukisugua kwa kishungi cha nyasi, juu, chini, juu, huku majina yakitajwa moja moja. Jina likiwa ndilo, mkono hukwama. Hukuhitaji giza wala mshumaa. Ilifanywa nje, mbele ya macho ya watu, na jibu la kwanza halikutosha. Walikwenda kuuliza kwingine kabla ya kuamini.

Sasa litazame bao la Ouija, la kusemeshea mizimu. Hataza yake ilitolewa Marekani mwaka 1891 kwa jina la Elijah Bond, likauzwa kutoka Baltimore kama mchezo wa nyumbani, na mwaka 1966 likanunuliwa na Parker Brothers, watengenezaji wa michezo ya watoto. Linaendeshwa na nguvu ileile ya kijiti: misuli ya mkono inayosogea kidogo bila mwenyewe kukusudia. Tofauti ni kwamba la Wamarekani linauzwa ndani ya boksi, na ndani ya boksi hakuna mzee. Mwaka 1973 filamu ya *The Exorcist* ilimpa bao hilo msichana wa miaka 12, akacheza nalo peke yake, na tangu hapo watengeneza filamu hawajaliacha. Mimi kijiti sikiamini. Kile kikao kilichokizunguka, hicho nakiamini.

Hata hivyo, wazee hawakuwa na funguo zote. Palikuwa na Adro. Mungu wa Walugbara ana upande wa juu angani, na ana upande wa chini unaokaa mitoni na porini, na huu wa chini ndio unaotisha. Waliomweleza walisema ni mrefu na mweupe, mwili wake umepasuliwa katikati: jicho moja, sikio moja, mkono mmoja, mguu mmoja anaourukia. Adro hakupitia kwa wazee. Alichukua wasichana waliokuwa ndiyo kwanza wanavunja ungo. Msichana aliondoka nyumbani akaingia porini, akatangatanga siku kadhaa bila chakula, akarudi akiwa si yule.

Hapo ndipo filamu ingeanza kumwaga damu. Huku kwetu, hapo ndipo watu wazima walipoanza kazi. Alijengewa mahali pa Adro, akatambuliwa kuwa amechukuliwa, na baadaye akawa mtazamiaji, mwanamke anayeulizwa mambo ambayo kijiti cha wanaume hakiwezi kuyafikia, kama uchawi na magonjwa yasiyoeleweka. Sisi ni Wanubi, Waislamu, lakini jirani ni jirani. Haboba wangu, yaani bibi yangu, pale Arua alikuwa na rafiki wa namna hiyo. Nilipelekwa kwake nikiwa na degedege. Nakumbuka mlango ulizibwa kwa mkeka, giza tii, na kibuyu kikaanza kulia, si kwa nguvu, kama mtu anayepepeta ufuta chumba cha pili. Alimwuliza haboba maswali mengi sana. Nani kaja nyumbani wiki hii? Nani kaondoka kwa hasira? Baba wa mtoto analeta pesa? Nusu ya uganga ule ilikuwa kuuliza. Yeye mwenyewe alichukuliwa kabla hajaolewa, na alianza kutazamia watu akiwa tayari na wajukuu. Katikati ya hapo alilima, akazaa, akauza simsim sokoni. Kuchukuliwa kulimpa daraja ya kungojea.

Mtu aliyeipasua mipaka hii yote alitoka upande wetu wa Koboko. Rembe alikuwa Mkakwa, na alikuwa na maji. Wazee wa Kilugbara walikuwa wamemfuata tangu mwisho wa karne ya 19, siku za tauni ya ng'ombe na homa ya uti wa mgongo, wakati watu wenye bunduki walikuwa wakipita kila upande. Kisha serikali ikaja kukaa. Eneo la Lado lilikuwa la Leopold wa Ubelgiji mpaka kifo chake Desemba 1909. Mwaka 1910 likaenda Sudan, na mwaka 1914 kipande chake cha kusini kikaunganishwa na Uganda. A. E. Weatherhead akafungua ofisi Arua. Kodi ikafuata, pamoja na maajenti wa kuikusanya, wengi wao Wanubi. Babu wa baba yangu alikuwa upande ule wa bunduki, sitaki kulificha hilo.

Rembe aliingia kwa Walugbara wakati wa vita vya kwanza vya dunia na kugawa maji ya Yakan. Aliyeyanywa aliambiwa risasi itakuwa maji, wafu watarudi, ng'ombe waliokufa watafufuka, na Wazungu wataondoka. Msomaji wa Tanzania ameshamkumbuka Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, aliyepandwa na pepo Hongo, akagawa maji, na kunyongwa na Wajerumani Agosti 1905. Sidhani mmoja alimsikia mwenzake. Bunduki ilikuwa moja, na maswali yake yalikuwa mamoja. J. H. Driberg, aliyekuwa ofisa wa serikali Uganda, aliandika mwaka 1931 kwamba ndani ya kinywaji cha Yakan mlikuwa na mmea wa kulevya, na wapenda miujiza wa Ulaya wamelishikilia hilo mpaka leo. Kwangu mmea ni jambo dogo. Jambo kubwa ni kwamba maji yalinywewa na wote, mwanamume na mwanamke, mzee na kijana, wa ukoo huu na wa ule ambao jana walipigana mishale. Vijana walikusanyika kambini, wakajipanga mistari, wakabeba bunduki za bandia, wakafanya gwaride kama askari waliowaona bomani. Kwa mara ya kwanza kijana hakumhitaji mzee wa vijumba vya mawe. Kikombe kilimtosha.

Serikali iliogopa kuliko mtazamaji yeyote wa sinema. Rembe alikamatwa, akapelekwa Yei, Sudan, akauawa huko mwaka 1917. Vuguvugu halikuzima. Mwaka 1919 damu ilimwagika Udupi, na machifu kadhaa walihamishwa kutoka nchi yao. Yakan yenyewe haikufa. Ilipoacha kuwa jeshi iligeuka ugonjwa wa kutetemeka, na Middleton alipofika, miaka 30 baadaye, aliikuta miongoni mwa pepo wanaowapanda watu na kutengenezewa mahali pao. Watu waliipokea tena mlangoni, ikapewa pa kukaa.

Wamisionari wa Africa Inland Mission walikuwa wameshafika Mvara mwaka 1918, na kwao Adro wa mtoni na Yakan walikuwa kapu moja na shetani. Vita vya 1979 na 1980 vikamalizia. Koboko na Arua zikahamia Zaire na Sudan, wengi wakitua huko huko Yei alikofia Rembe. Mkimbizi habebi ghala, wala vijumba vilivyo chini yake.

Kwa hiyo nilipookota karatasi moja bwenini, katika shule ambayo siitaji, sikushangaa. Ilikuwa imechanwa kwenye daftari la fizikia na kugawanywa vyumba vinne: ndiyo, hapana, ndiyo, hapana. Katikati penseli mbili zilipandana msalaba, moja imetafunwa kichwani. Ni ule mchezo wa Charlie Charlie uliozagaa mitandaoni mwaka 2015. Pumzi ndogo tu huizungusha penseli ya juu. Pembeni walikuwa wameandika maswali yao: Nitafaulu? Baba atarudi? Ada? Usiku ule wasichana kadhaa walianza kutetemeka na kupiga mayowe.

Kikao cha walimu kilikuwa kirefu. Mmoja alitaka mchungaji, mwingine shehe, wa tatu muuguzi. Niliwakumbusha Kashasha, karibu na Bukoba, ambako Januari 30, 1962 wasichana watatu walianza kucheka na kucheka kukaenea hadi 95 kati ya wanafunzi 159, shule ikafungwa Machi 18, na madaktari hawakupata sumu wala kidudu. Hotuba yangu haikumsaidia mtu. Mchungaji alikuja, shehe akaja, muuguzi akapima joto. Siku ya tatu nikaomba aitwe shangazi wa mmoja wao, mama mtu mzima anayeuza samaki wakavu sokoni Koboko. Alisalimia, akavua viatu, akakaa nao bwenini mpaka alfajiri, akiuliza na kuuliza. Asubuhi alimwendea mwalimu mkuu akamwambia, "Mwalimu, hawa watoto watatu mlisoma majina yao paredi mbele ya shule nzima kwamba hawajalipa ada. Anzeni hapo." Kisha akadai nauli yake ya boda.