Mugumo wa Westlands

Wiki iliyopita nilipanda matatu kutoka Kangemi kwenda mjini. Tulipofika Westlands magari yakakwama kama kawaida. Kijana aliyeketi dirishani akamgeukia mama mmoja mzee, akamwuliza, "Mama, mbona mti huu uliachwa, na ile mingine yote ilikatwa?" Mama akamjibu, "Huo ni mugumo, mwanangu." Kijana akanyamaza kana kwamba jibu limetosha. Mimi halikunitosha, na ndiyo sababu naleta habari hii leo.

Mwaka 2020 ilikuwa ikijengwa barabara ya juu ya Nairobi, ile ya kilomita 27 kutoka Mlolongo hadi Westlands. Mugumo huo, unaosemekana kupita miaka 100 na kufikia kimo cha nyumba ya ghorofa nne, ulikuwa umesimama kando ya Barabara ya Waiyaki, mahali wahandisi walipopahitaji. Ikasemekana utang'olewa upandwe kwingine. Watu wakapiga kelele, na mwezi wa Novemba Rais Uhuru Kenyatta akatoa amri kwamba usiguswe. Mti ukabaki, barabara ikapita ubavuni mwake.

Basi ni kitu gani kilichomo ndani ya mugumo hata ukashinda mashine? Wazee wa Kikuyu, kabla ya misheni kufika, hawakujenga nyumba za ibada. Hekalu lao lilikuwa mti huo. Mvua ilipokawia, wazee walichinja mnyama wa sadaka chini yake, wakaomba wakiuelekea Mlima Kenya, wanaouita Kirinyaga, mahali pa Ngai. Mti wenyewe haukukatwa, wala kuni zake hazikuokotwa. Jomo Kenyatta alieleza ibada hizo katika kitabu chake Facing Mount Kenya, kilichotoka mwaka 1938. Tazama mambo ya dunia: baba aliandika kitabu, na miaka 82 baadaye mwanawe akatoa amri.

Kisha dini mpya ikaja, ikafundisha kwamba Mungu anaabudiwa kanisani, si mtini. Migumo mingi ilikatwa, mingine kwa mikono ya waongofu wenyewe, waonyeshe kwamba hawauogopi tena. Nyanya yangu alikuwa Mkristo wa kweli, kitambaa cheupe kichwani kila Jumapili. Lakini tulipopita chini ya mugumo uliokuwa njiani kwenda mtoni, alikuwa akishusha sauti. Sikumwuliza kwa nini, na leo ningependa sana kumwuliza.

Mti wenyewe una tabia ya ajabu. Mara nyingi hauanzii ardhini. Ndege hula tunda lake, akaiacha mbegu kwenye tawi la mti mwingine. Mbegu ikachipua huko juu, ikateremsha mizizi, na baada ya miaka mingi mwenyeji amekwisha kunyongwa, amebaki mgeni peke yake. Sisemi kwamba dini nazo hufanya hivyo, lakini nimeona makanisa kadhaa yaliyosimama mahali ambapo zamani palikuwa na mugumo.

Aliyetufumbulia faida ya mwiko huo ni Profesa Wangari Maathai, aliyepewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2004. Alizaliwa mwaka 1940 kijijini Ihithe, Nyeri. Alisimulia jinsi mama yake alivyomkataza kuokota kuni kwenye mugumo uliokuwa karibu na kwao, kwa kuwa ni mti wa Mungu. Karibu na mti huo palikuwa na kijito, naye akicheza na viluwiluwi majini. Baadaye mwenye shamba mpya aliukata apande chai. Kijito kikakauka. Profesa, ambaye kwa masomo alikuwa mtu wa sayansi, alieleza kwamba mizizi ya mti huo hupenya mwamba hadi kwenye maji ya chini, na maji hayo hupata njia ya kutoka. Tena hushika udongo wa mteremko usiporomoke. Wazee hawakusema habari za mizizi. Walisema tu usiguse, na kijiji kizima kikapata maji.

Sasa njoo mjini. Nairobi ilianza mwaka 1899 kama kambi ya reli, juu ya ardhi ambayo Wamasai waliiita mahali pa maji baridi. Miti ikahesabiwa kama kuni. Bustani ya Arboretum, ambako siku hizi utasikia watu wakikemea mapepo kwa sauti kuu, ilianzishwa mwaka 1907 kujaribia miti ya kigeni ambayo ingefaa kwa mbao na kwa kuni za treni. Wanaoomba pale wamechagua kivuli na utulivu, nami siwalaumu. Hata hivyo sijamsikia yeyote akiombea mti.

Msitu wa Karura ulitangazwa kuwa hifadhi ya serikali mwaka 1932. Sheria ilikuwapo, mwiko haukuwapo. Miaka ya tisini vipande vyake viligawiwa watu binafsi wajenge majumba. Tarehe 8 Januari, 1999, Profesa Maathai alikwenda pale na wenzake kupanda mche. Walinzi wa kukodiwa wakawapiga, yeye akapasuliwa kichwa. Msitu ulipona kwa damu ya mtu, ingawa karatasi za kuulinda zilikuwa na umri wa miaka 67.

Ndiyo maana jibu la yule mama halikunitosha. Kijijini mwiko ulilinda mti pamoja na chemchemi na mteremko wake. Huku Westlands umelinda shina moja, lami ikiwa imeizunguka mizizi. Miti mingine iliyokuwa kando ya barabara kuelekea mjini haikuwa na Ngai wala mzee wa kuisemea, ikaanguka kwa misumeno mchana kweupe, nasi tukiwa tumekaa ndani ya matatu tukiangalia.

Karibu na mzunguko wa Museum Hill kijana aligeuka tena. "Na ile mingine iliyokatwa, ilikuwa miti gani?" Mama akafikiri, akatazama nje, kisha akasema hakumbuki. Nilijaribu kumsaidia, kwa maana nimepita njia hiyo zaidi ya miaka 20. Hata mimi sikukumbuka.